Nani Anamchagulia Mwanao Kozi?



Kila mwaka ikifika Julai, Baraza la Mitihani likishatangaza matokeo ya kidato cha sita, simu za watu wanaodhaniwa kuwa wamesoma huanza kuita. Anapiga shemeji, anapiga jirani wa zamani, anapiga mzee mmoja mnayesali naye. Salamu huwa ndefu, halafu linakuja swali: "Mtoto amepata Division Two ya CBG, mwalimu. Sasa asome nini?" Wengine huuliza kwa furaha, wengine kwa wasiwasi, ila wote huuliza kana kwamba jambo lenyewe ndiyo kwanza linaanza. Huwa najibu kwa upole, maana mzazi hana kosa. Lakini sehemu kubwa ya swali hilo ilishajibiwa zamani. Ilijibiwa mtoto alipojaza tahasusi, yaani mchanganyiko wa masomo, kabla ya kwenda kidato cha tano. Na kabla ya hapo ilijibiwa siku alipoingia kidato cha tatu akasema, fizikia basi.

Leo nataka tuulizane ni nani hasa huwa analijibu swali hilo, lini, na akiwa wapi.

Twende kwanza steshenari. Kila mji unazo, karibu na stendi, karibu na chuo, mkabala na ofisi za halmashauri. Chumba chembamba, mashine ya kopi mlangoni, kompyuta mbili, na karatasi ukutani: Tunafanya maombi ya vyuo, mkopo, ajira, RITA, NIDA, TIN. Msimu wa udahili benchi la nje hujaa vijana wenye bahasha za kaki. Mchana mmoja nilikaa kwenye benchi la namna hiyo nikisubiri kopi zangu, nikawa nasikiliza. Aliingia msichana na bibi yake. Kijana wa kwenye kompyuta, mchangamfu tu, hana ubaya wowote, akaomba namba ya mtihani ya kidato cha nne na ya kidato cha sita, akaziandika. Kisha akauliza: "Unataka kozi gani?" Msichana akamtazama bibi. Bibi akasema, "Iliyo nzuri, mjukuu wangu." Kijana akashusha ukurasa, akaupandisha, akasoma majina mawili matatu kwa Kiingereza, akasema, "Hii wengi wanaweka. Na hii hapa wanapata mkopo." Msichana akasema haya. Barua pepe? Hana. Akafunguliwa moja papo hapo, nywila ikaandikwa nyuma ya bahasha kwa kalamu ya bluu. Namba ya malipo ikatoka, bibi akafungua fundo la kanga, akalipa ada ya maombi na pesa ya huduma, wakashukuru, wakaondoka. Chai yangu ilikuwa bado ya moto.

Simlaumu kijana wa steshenari. Yeye ndiye mshauri wa masomo pekee katika mji ule ambaye ofisi yake iko wazi mpaka saa mbili usiku. Tume ya Vyuo Vikuu, TCU, imekuwa ikiwaonya waombaji wasipotoshwe na wanaojiita mawakala na washauri wa udahili, na onyo hilo ni la haki. Lakini huyu wa steshenari hajajiita chochote. Ameulizwa swali na mtoto aliyekaa sekondari miaka sita bila kuulizwa swali hilo na mtu mwingine, naye akajibu alivyojua.

Sasa turudi nyuma, tuone milango inavyofungwa mmoja baada ya mwingine mtoto akiwa hana habari.

Wa kwanza ni wa fizikia. Katika utaratibu tuliouzoea, mwanafunzi akimaliza mtihani wa kidato cha pili na kuingia cha tatu, darasa linagawanyika: wa sayansi huku, wa sanaa huku, wa biashara kule. Hisabati na baiolojia hubaki kwa wote. Fizikia na kemia mtu anaweza kuziacha. Ana miaka 15 au 16. Anaiacha fizikia kwa sababu mwalimu wake amehamishwa na hajaletwa mwingine, au kwa sababu maabara ina meza na mabomba lakini haina vifaa, au kwa sababu rafiki zake wote wamekwenda upande wa pili. Zote hizo ni sababu zinazoeleweka. Ila hakuna aliyemwambia kwamba akiiacha fizikia ameuacha uhandisi, ameuacha udaktari wa binadamu, na ameiacha hata stashahada ya uuguzi. Wengi hudhani uuguzi unataka baiolojia na moyo wa huruma. Masharti yake yanataka ufaulu wa kemia, baiolojia na fizikia pia. Nimewaona mabinti wenye huruma ya kutosha wodi nzima wakirudishwa kwa sababu ya somo waliloliacha wakiwa na umri wa kuruka kamba.

Mlango wa pili ni tahasusi. Wapo wanaokimbilia CBG, yaani kemia, baiolojia na jiografia, wakiamini ni PCB iliyopunguzwa makali, jiografia badala ya fizikia. CBG ina njia zake nzuri, kilimo, mazingira, ualimu wa sayansi. Lakini shahada ya udaktari wa binadamu, kwa anayetoka moja kwa moja kidato cha sita, inadai prinsipo, yaani ufaulu wa A hadi E, katika fizikia, kemia na baiolojia, zote tatu. Mzazi wa CBG anayeniambia "tunataka awe daktari" ananiweka mahali pagumu. Na wa PCB anayeota kujenga madaraja naye ajue kwamba uhandisi unamngoja mwenye hisabati kamili, si mwenye baiolojia.

Halafu kuna BAM, ile hisabati nyepesi wanayosoma wasiosoma hisabati kamili. Wanafunzi hulala usingizi katika kipindi chake kwa sababu haihesabiwi kwenye pointi za divisheni. Wana hoja, haihesabiwi. Lakini ukienda kuomba baadhi ya shahada za uchumi na biashara, sharti limekaa pale linakusubiri: kama huna prinsipo ya hisabati, uwe na ufaulu wa BAM, au angalau D ya hisabati ya kidato cha nne. Mtu ana Division One yake safi, na anakwama kwenye somo alilokuwa akilalia.

Watu wengi wamesikia sharti la jumla, kwamba mwenye kidato cha sita anahitaji prinsipo mbili zenye pointi zisizopungua 4, A ikiwa ni pointi 5, B 4, C 3, D 2 na E 1. Wanapiga hesabu vidoleni, wanaona inatosha, wanatulia. Sharti la jumla linakufikisha getini tu. Kila programu ina sharti lake, na hilo la programu ndilo linaloamua unaingia au unabaki nje.

Machi 2024 serikali kupitia TAMISEMI ilitangaza tahasusi mpya 49, zikaungana na 16 zilizokuwapo, zikawa 65. Zimo za lugha, za sanaa, za michezo, za dini, za biashara. Mimi niliipokea habari hiyo vizuri, maana watoto wetu hawakuumbwa kwa mafungu 16. Lakini kwa mtoto asiye na wa kumweleza, 65 ni ngumu kuliko 16. Zile za zamani angalau kila mtaa ulikuwa na mtu aliyesoma HGL au PCM ambaye ungeweza kumfuata ukamwuliza alikoishia. Hizi mpya zilianza bila kaka wala dada aliyetangulia. Anayeweza kueleza zinampeleka mtu wapi ni mwalimu, na mwalimu naye lazima awe amesoma mahali.

Mahali hapo papo. TCU, iliyoanza kazi mwaka 2005, hutoa mwongozo wa udahili kila mwaka, mmoja kwa wenye kidato cha sita, mwingine kwa wenye stashahada na sifa zinazolingana nazo. Ukiufungua utakuta majedwali, chuo baada ya chuo. Safu ya jina la programu, safu ya namba yake, safu ya masharti, safu ya pointi za chini, safu ya idadi ya nafasi, safu ya miaka ya masomo. Ni kitabu kikavu, hakina picha ya mtu aliyevaa joho akicheka. Lakini ukikisoma taratibu kinakwambia mambo ambayo hakuna semina itakwambia. Safu ya nafasi peke yake ni somo: programu moja inachukua watu thelathini, jirani yake inachukua mamia. Safu ya masharti inakuonyesha kwamba kozi mbili zenye majina yanayofanana, katika vyuo viwili, hazitaki mtu yuleyule. Na ukienda upande wa vyuo vya kati, baraza la elimu ya ufundi, NACTVET, nao wana mwongozo wao, wenye kozi za cheti na stashahada ambazo vijana wengi hawajawahi kuzisikia: maabara ya tiba, upimaji ardhi, afya ya mifugo, usafirishaji.

Kwa nini kitabu hiki mwanafunzi anakutana nacho baada ya mtihani wa mwisho? Mwalimu achukue kurasa tatu tu, azitoe kopi, aingie nazo kidato cha tatu. Awaambie: tafuteni kozi tano ambazo mtu wa HGE, yaani historia, jiografia na uchumi, anaweza kuomba, na kozi tano ambazo hawezi hata akipata A tatu. Kipindi kimoja cha dakika 40. Nina hakika nusu ya darasa itaondoka na maswali, na maswali hayo yatafika nyumbani jioni.

Lipo tatizo la lugha, nalo nitalisema wazi. Mwongozo wa TCU umeandikwa kwa Kiingereza. Bodi ya Mikopo ya Elimu ya Juu hutoa mwongozo wake kwa Kiswahili pia, na watu wanausoma. Mzazi anayeuza ng'ombe wawili ili mtoto aende chuo ana haki ya kusoma masharti ya kozi anayoilipia kwa lugha anayouzia ng'ombe. Sioni sababu ya maana ya kutofanya hivyo.

TCU pia huandaa maonesho ya vyuo vikuu viwanja vya Mnazi Mmoja, Dar es Salaam, kwa kawaida mwezi huohuo wa Julai. Ni jambo jema, ukienda unaongea na wahadhiri ana kwa ana. Lakini wanaojaa pale ni vijana waliokwisha kumaliza, na ni wa Dar. Wa Kibondo na wa Liwale wanayaona kwenye taarifa ya habari. Wengine wakati huo wako JKT kwa mujibu wa sheria, utaratibu uliorejeshwa mwaka 2013, na Bodi ya Mikopo imewahi kuwafuata kambini kuwaelekeza namna ya kuomba. Nawapongeza kwa hilo. Ila hata hapo tumewafikia wakiwa wameshafanya mtihani.

Shule zetu zinafundisha kwa ajili ya mtihani, na hili si geni. Mwalimu Nyerere alilalamikia jambo hilo mwaka 1967 katika Elimu ya Kujitegemea, akisema shule ya msingi imekuwa maandalizi ya mtihani wa kwenda sekondari wakati wengi wa watoto hawatakwenda huko. Sasa hivi wengi wanakwenda sekondari, na ugonjwa umepanda nao ghorofani. Januari 2023 Baraza la Mitihani liliacha kutangaza shule kumi bora na wanafunzi bora. Wapo waliofikiri mashindano yatapoa. Nenda uone mageti ya shule, hasa za binafsi: bango kubwa, picha za watoto, Division One ngapi, Two ngapi, sifuri hakuna. Sijawahi kuona bango linalosema waliomaliza hapa miaka mitano iliyopita wako wapi leo. Shule haijui. Haijawahi kuuliza.

Na mwalimu wa ushauri na unasihi? Yupo, kwenye orodha ya majukumu iliyobandikwa ofisi ya walimu jina lake lipo. Mwalimu huyohuyo ana vipindi vyake vya darasani, ni mlezi wa bweni, yumo kwenye kamati ya nidhamu, na Ijumaa ni zamu yake. Mtoto anayeitwa ofisini kwake anafikiri amefanya kosa. Ukitaka ashauri watoto mia tatu kuhusu maisha yao, mpunguzie vipindi kwanza, umpe kompyuta yenye intaneti, na umpe hiyo miongozo. Bila hivyo tunamdanganya yeye na watoto.

Nimezungumza sana kuhusu chuo kikuu, na najua kuna msikilizaji anayesema, huyu naye ana ugonjwa wetu uleule wa kuona chuo kikuu tu. Kweli. Kwetu VETA inatajwa kama tishio: "Usiposoma nitakupeleka VETA!" Nimemsikia baba akisema hivyo huku amesimama chini ya kiyoyozi kilichokuwa kikidondosha maji, akimsubiri fundi kwa siku ya tatu. Fundi alikuwa na kazi nyingi.

Wakubwa kidogo watakumbuka kwamba tulikuwa na sekondari zenye michepuo, za kilimo, za biashara, za sayansikimu, na za ufundi kama Ifunda, Moshi, Tanga, Iyunga na Bwiru. Kijana alitoka Ifunda anajua kusoma mchoro na kushika chombo. Tulivyoiacha njia ile ni habari ndefu ya bajeti na ya karakana zilizobaki na mashine zisizo na vipuri. Sasa tunairudia. Sera ya Elimu na Mafunzo, toleo la 2023, imeweka mkondo wa amali ndani ya sekondari, na Januari 2024 kidato cha kwanza wa mkondo huo walianza katika baadhi ya shule. Naiunga mkono kabisa, kwa sharti kwamba karakana ije na mwalimu wake na umeme wake. Lakini angalia kitu kimoja: uchaguzi umeshuka umri. Mtoto wa miaka 13 au 14 ndiye anayeulizwa sasa. Kwa wenzetu wa Kenya nako, watoto walipoingia gredi ya kumi ya mtaala wao mpya Januari 2026, waligawanywa katika njia tatu: sayansi na uhandisi, sayansi ya jamii, sanaa na michezo. Kama tulikuwa hatumshauri wa miaka 18, huyu wa 13 tutamfanya nini?

Hebu tupige hesabu moja ya miaka, maana hii wazazi hawapigiwi. Vijana wawili wanamaliza kidato cha nne pamoja. Mmoja anakwenda kidato cha tano Julai inayofuata, anamaliza cha sita, anaingia chuo kikuu mwaka wa tatu tangu waachane. Mwingine anakwenda chuo cha kati, anasoma stashahada miaka mitatu. Akitoka na GPA ya 3.0 au zaidi, na ufaulu wa masomo manne ya kidato cha nne, naye ana sifa ya kuomba shahada. Amechelewa kwa mwenzake mwaka mmoja tu, na mkononi ana taaluma inayoweza kumlisha hata pesa ya chuo kikuu isipopatikana. Na tangu mwaka wa masomo 2023/24 Bodi ya Mikopo inawakopesha pia wa stashahada katika fani za kipaumbele, zikiwamo za afya, usafirishaji, nishati, madini na kilimo. Sisemi njia ya pili ndiyo bora kwa kila mtu. Nasema aliyekwenda kidato cha tano kwa sababu "wenzake wote wamekwenda" hakuwahi kuonyeshwa ya pili.

Tuje kwenye karatasi. Utacheka, lakini karatasi imewazuia watoto wengi kuliko ujinga. Cheti cha kuzaliwa kinasema Mohamed. Cheti cha kidato cha nne kinasema Mohammed. Kitambulisho cha NIDA kinasema Muhammad Juma, wakati shuleni alikuwa Mohammed Juma Salum. Huyo kwa ndugu zake ni mtu mmoja, kwa mfumo wa kompyuta ni watu watatu. Ombi la mkopo linataka cheti cha kuzaliwa kilichohakikiwa na RITA, au na wakala wa Zanzibar kwa waliozaliwa huko, na kama mzazi amefariki, cheti cha kifo kilichohakikiwa pia. Aliyefiwa na baba kijijini na familia haikuchukua cheti cha kifo ndiye mwenye haki kubwa ya mkopo, na ndiye anayeshindwa kuithibitisha. Dirisha la mkopo halikai wazi muda mrefu. Kusahihisha majina na kutafuta cheti cha kifo cha miaka kumi iliyopita kunaweza kula miezi. Mwalimu wa darasa wa kidato cha tatu akisema kila mtu alete kopi ya cheti cha kuzaliwa, akazipitia moja moja akilinganisha na majina ya rejista, ameokoa familia kadhaa kwa mchana mmoja. Halihitaji bajeti jambo hili.

Kisha mtoto anafika chuo. Wa mwaka wa kwanza huwajua kwa begi jipya. Anapata bumu, pesa ya kujikimu, ambayo tangu 2022/23 ni sh. 10,000 kwa siku, na inakuja kwa mkupuo wa karibu miezi miwili. Kijana ambaye maisha yake yote alipewa nauli ya kwenda na kurudi leo ana laki kadhaa kwenye simu. Wiki ya kwanza ni kuku na chipsi, viatu, simu mpya. Wiki ya sita ni kukopa. Darasani nako mambo yamegeuka. Sekondari alifaulu kwa kukariri notsi na kurudia mitihani iliyopita, na chuoni anatafuta kitu kilekile, desa, za kaka waliotangulia. Mhadhiri hatoi notsi. Anataja kitabu na sura, anaondoka, na kitabu ni kurasa mia nne za Kiingereza. Asaimenti ichapwe, wakati hajawahi kuchapa ukurasa mmoja. Muhula unakwisha, anasikia maneno mapya: sapu, yaani mitihani ya marudio, ya masomo matatu, na kwa wenye bahati mbaya zaidi, disko, yaani kuondolewa masomoni. Yule aliyedisko mwaka wa kwanza mara nyingi hakuwa mjinga. Alikuwa hajawahi kusoma kitabu kizima bila kusimamiwa, na hakuna aliyemwambia kwamba huko aendako hasimamiwi.

Hayo yanafundishika. Kidato cha tano mpe kitabu kimoja asome peke yake, aje aeleze. Mpe kiranja bajeti halisi ya sherehe ya mahafali, heri akosee kwa sh. 50,000 shuleni kuliko kwa laki tano chuoni.

Kuhusu kazi nitasema kifupi. Zamani ulihitimu ualimu, ukasubiri kupangiwa kituo. Mwanzoni mwa 2025 walimu nao waliitwa kwenye usaili kama kada nyingine, na foleni mliziona. Cheti siku hizi kinakupa nafasi ya kuulizwa maswali tu. Anayeulizwa maswali ni vizuri awe amewahi kusimama mahali pa kazi kabla ya hapo. Mwaka 1974 Azimio la Musoma lilitaka aliyemaliza kidato cha sita afanye kazi kwanza ndipo aombe chuo kikuu. Utaratibu ule ulichelewesha wengi na haukudumu, wala siombi urudi. Lakini wazee waliopita humo wanajua kitu: waliingia darasani wakijua wanatafuta nini.

Sisi tunayo nafasi yetu na tunaiacha ilale. Kidato cha nne humaliza mtihani Novemba, na kidato cha tano huanza Julai. Wenye pesa huwapeleka watoto pre-form five wakaanze kukariri mapema. Wasio na pesa huwaacha nyumbani. Ukiwa na mtoto wa namna hiyo, mtafutie mtu akae naye wiki mbili: kwa mhasibu wa ushirika, kwa bwana shamba, kwenye gereji, zahanati, studio ya redio kama hii, kwa fundi umeme. Asilipwe, abebe tu vifaa na kutazama. Wapo watakaorudi wakisema kazi ile hawaitaki, na kujua hivyo ukiwa na miaka 17 ni faida kubwa kuliko kujua ukiwa mwaka wa tatu chuoni na deni la mkopo ambalo mwajiri atalikatia asilimia 15 ya mshahara kila mwezi.

Basi nawaomba wajumbe wa bodi za shule wanaonisikiliza, kikao kijacho, baada ya ajenda ya chakula na ya madawati, ulizeni swali hili: kidato cha tatu wameonyeshwa lini mwongozo wa udahili, na nani aliwaonyesha? Mkuu wa shule asipokuwa na jibu, mpeni mwezi mmoja.

Na wewe kijana wa kidato cha pili au cha tatu ambaye redio hii imewashwa na mama jikoni huku ukijifanya husikii, usisubiri benchi la steshenari. Mwongozo wa TCU na ule wa NACTVET hupatikana bure kwenye tovuti zao, na simu ya mjomba wako inatosha kuifungua.